Jiko Lako Lilizaliwa Wapi?

Nilipata jiko nikiwa na miaka 23. Hapana, sikuoa. Najua Waswahili husema mtu amepata jiko akiwa amepata mke, lakini mimi nasema jiko lenyewe, la makaa, lile la kiuno chembamba na miguu mitatu. Mama aliniletea siku nilipohamia bedsita yangu ya kwanza Nairobi. Alilifunga kwa gunia, akapanda nalo matatu kutoka Nakuru akiwa amelipakata kama mtoto.

"Mama, huku watu wanatumia gesi," nikamwambia.

"Gesi huisha usiku, baba," akanijibu. "Makaa unayaona yakipungua."

Nikaliweka nyuma ya mlango na kulifunika na koti kuukuu ili marafiki wakija wasianze kunicheka. Likakaa hapo karibu mwaka mzima. Halafu ikafika Julai, ile Julai ya Nairobi unayoijua, na gesi ikaisha saa tatu usiku githeri ikiwa nusu. Maduka yamefungwa. Mfukoni nina mia na hamsini. Nikalitoa jiko, nikanunua mkebe wa makaa kwa mama wa kibanda aliyekuwa akifunga, nikaliwasha nje kwenye veranda. Jirani wa mlango wa pili akaona moto, akaja na kistuli chake. Wa juu akashuka na mahindi mawili. Tukakaa pale mpaka saa tano, watu ambao tulikuwa tukisalimiana kwa kichwa tu.

Mmoja wao ndiye aliyeuliza: "Hiki kitu nani alikitengeneza kwanza?"

Nikasema, "Si ni cha kitambo? Ni cha babu zetu."

Nilikosea. Babu zangu hawakuwa na jiko kama hili. Hata mama alikuwa mtu mzima lilipotokea. Na nilipoanza kufuatilia lilikotoka, nilijikuta kwenye reli, halafu Thailand, kisha Kamukunji, mwendo wa dakika chache tu kutoka stendi ninayoshukia kila siku.

*

Tuanze na walichokuwa nacho babu zetu, yaani mafiga. Mawe matatu, moto katikati, chungu juu. Sehemu kubwa ya Afrika Mashariki ilipika hivyo na nyumba nyingi za mashambani bado zinapika hivyo. Ni teknolojia ambayo haitaki pesa, na imeingia mpaka kwenye methali: jifya moja haliinjiki chungu. Hata neno jiko ni la zamani. Wagikuyu wana riko, Waswahili wana jiko na wingi wake ni meko, na zamani neno hilo lilimaanisha mahali pa moto, si chombo. Jiko lilikuwa pembe ya nyumba. Huwezi kulibeba kwenye matatu.

Mafiga yanataka kuni, na kuni zinataka nafasi. Ukikaa shambani, sawa. Ukikaa kwenye chumba kimoja mjini pamoja na watu wengine watano, moshi wa kuni utawafukuza nyote. Mji unataka makaa, kwa sababu makaa ni mepesi kubeba, hayana moshi mwingi, na unaweza kuyanunua kidogo kidogo. Na makaa yanataka chombo cha kuyashika.

Chombo hicho kilikuja na reli. Kazi ya kujenga reli ilianza Mombasa mwaka wa 1896. Waingereza walileta takriban wafanyakazi 32,000 kutoka India, wengi wao kutoka Punjab. Reli ilifika mahali palipokuja kuwa Nairobi mwezi Mei 1899, na Kisumu mwishoni mwa 1901. Karibu watu 2,500 kati ya hao walikufa kazini. Wengi waliosalia walirudi kwao, na chini ya 7,000 wakabaki. Tunawakumbuka kwa simba wa Tsavo, kwa maduka, na kwa chapati. Lakini mtu anayesafiri na kambi ya ujenzi anapika wapi? Wafanyakazi hao ndio wanaotajwa kuwa walituletea jiko la bati: chombo kidogo cha chuma, makaa juu, majivu chini, kilango cha hewa ubavuni.

Ushahidi mwingine umo mdomoni mwetu. Ukienda Kampala ukauliza jiko la makaa, utaambiwa sigiri. Huko India kaskazini jiko kama hilo huitwa sigri. Neno lilisafiri pamoja na chombo, likapita Kenya, likavuka mpaka, likabaki huko. Kenya tulichukua chombo chao tukakipa jina letu la zamani, na ndiyo maana tunadhani kimekuwepo siku zote.

*

Kwa miaka mingi, jiko la mjini lilikuwa hilo la bati tupu. Mafundi wa Nairobi walijifunza kulitengeneza kwa mapipa ya mafuta yaliyokwisha kazi, na lilikuwa rahisi sana kununua. Shida yake ilikuwa moja. Chuma hupitisha joto haraka. Ukiweka makaa ndani ya bati, bati linapata moto, na joto linatoka ubavuni kwenda kupasha miguu yako na ukuta. Waliolipima waligundua kwamba kati ya asilimia 10 na 20 tu ya joto ndilo lililofika kwenye sufuria. Yaani katika kila mikebe mitano ya makaa uliyonunua, minne au zaidi ilipasha hewa.

Hilo halikumkera mtu sana makaa yakiwa bei rahisi. Kisha bei ya mafuta ulimwenguni ikapanda ghafla mwaka wa 1973, ikapanda tena 1979. Serikali na wafadhili wakaanza kuhesabu nishati ya nchi, na hesabu zikawaonyesha jambo ambalo kila mpishi alijua: Wakenya wengi hawakuwa wakipika kwa mafuta wala stima. Walikuwa wakipika kwa miti, na miti ilikuwa ikiisha kuliko ilivyopandwa. Agosti 1981, Umoja wa Mataifa ukafanya mkutano mkubwa hapa Nairobi kuhusu vyanzo vipya vya nishati. Jiko la mama mboga likawa suala la kimataifa.

Ndipo Thailand inapoingia. Huko watu walikuwa na jiko linalofanana na ndoo: bati nje, udongo uliochomwa ndani. Udongo haupitishi joto upesi kama chuma. Unalizuia lisitoroke ubavuni, linaelekea juu kwenye sufuria. Wakenya waliokuwa wakitafuta jiko bora walilichukua jiko hilo la ndoo kama mfano. Kazi ilifanywa na watu wengi kwa pamoja: Wizara ya Nishati, pesa za mradi wa Wamarekani, shirika la KENGO lililounganisha mashirika madogo ya mazingira, na wabunifu ambao anayetajwa zaidi kati yao ni Maxwell Kinyanjui.

Lakini jiko la Thailand halikuweza kuletwa tu na kuuzwa. Fikiria ugali. Mtu anayesonga ugali wa watu wanane anasukuma mwiko kwa mabega, sufuria inayumba, jiko linavutwa huku na huku. Jiko likianguka, chakula kimeenda na pengine mtoto ameungua. Chombo kinachofaa wali hakifai ugali hivihivi tu. Pia majaribio ya mwanzo yalikuwa na udongo mwingi mno ndani, mpaka chini, na ulikuwa ukipasuka. Mwishowe wakafika kwenye umbo unalolijua: pana juu, jembamba kiunoni, pana chini. Udongo umewekwa nusu ya juu tu, pale moto ulipo. Nusu ya chini ni bati la kupokea majivu na kusimama imara. Kile kiuno si urembo. Ndicho kinachoshikilia udongo usiteremke.

Faida ilionekana mfukoni. Jiko jipya lilipeleka kati ya asilimia 25 na 40 ya joto kwenye sufuria. Kwa familia iliyonunua makaa kila siku, huo ni mkebe mmoja uliobaki kati ya miwili au mitatu. Kufikia katikati ya miaka ya 1990, majiko zaidi ya 700,000 yalikuwa yakitumika Kenya, na zaidi ya nusu ya nyumba za mjini zilikuwa nalo.

*

Jumamosi moja nilibeba jiko langu, udongo wake umeanza ufa, nikaenda Kamukunji.

Unasikia Kamukunji kabla ya kuiona. Mamia ya nyundo kwenye bati, kila moja na mdundo wake, na ukikaa nusu saa masikio yanaanza kuzoea na kutenganisha. Ule mdundo mzito ni mtu anayenyoosha pipa. Ule mwepesi wa haraka ni mtu anayekunja ukingo. Mafundi wengi niliowaona walikuwa wakizungumza kwa sauti kubwa hata wakiwa wamekaribiana, na nikaelewa kwa nini. Hakuna aliyekuwa na kitu cha kuziba masikio.

Fundi niliyempata ni mzee wa makamo, kofia ya sufi kichwani jua likiwaka. Alilichukua jiko langu, akaligonga kwa kidole, akasikiliza.

"Hili bati ni zuri," akasema. "Ni la kitambo. Siku hizi bati ni jembamba. Nani alikununulia?"

"Mama."

"Mama yako anajua vitu. Usitupe. Tunabadilisha udongo tu, kijana wangu."

Huku akifanya kazi nikamwuliza jinsi jiko linavyotengenezwa, naye akanionyesha bila kuacha kugonga. Pipa hukatwa kwa patasi na nyundo, likafunguliwa, likanyooshwa. Vipande hupimwa kwa kiolezo cha bati, si kwa rula. Kipande cha juu kinakunjwa kama faneli, cha chini vilevile, halafu vinaunganishwa kiunoni kwa kukunja ukingo mmoja juu ya mwingine na kuugonga mpaka ushikane. Hapo hakuna kuchomelea. Vishikio, miguu, kilango cha majivu na vile vishikizo vitatu vya kuegemeza sufuria huwekwa kwa ribiti. Nikavihesabu, kisha nikacheka. Vitatu! Mafiga yamerudi, safari hii ya chuma.

Udongo hautengenezwi hapo. Ni kazi ya wafinyanzi, watu wengine mahali pengine, wanaojua udongo upi hauvunjiki ukipata moto na kupoa kila siku kwa miaka. Hufinyangwa kwa kalibu, hukaushwa polepole kivulini, hutobolewa matundu ya hewa chini, kisha huchomwa kwenye tanuri. Ukikausha kwa haraka, utapasuka ukiwa bado kwako. Ukichoma moto mdogo, utapasuka ukiwa kwa mteja. Halafu kuna kazi ya tatu, ya kuunganisha: udongo hukalishwa ndani ya bati na kushikizwa kwa mchanganyiko wa saruji na kitu chepesi kisichopitisha joto, kama jivu au madini ya vamikulaiti. Nafasi hiyo ndogo ina maana, kwa sababu bati na udongo havipanuki sawa vikipata moto. Ukivibana sana, kimoja kitakivunja kingine.

Kwa hivyo jiko moja limepita mikono ya watu watatu au wanne ambao pengine hawajawahi kukutana. Na wote waliongeza kitu. Fundi wangu aliniambia yeye hukata kilango chake kidogo kuliko wenzake kwa sababu wateja wake ni wauza mahindi wanaokaa upepo ukivuma. Hakuna kitabu kilichomfundisha hilo.

Nikamwuliza kama anamjua aliyebuni jiko hili. Akatabasamu.

"Hili? Hili ni la Kamukunji."

*

Nimelifikiria sana jibu hilo. Kwa upande mmoja si kweli, na nimekueleza kwa nini. Kwa upande mwingine ni kweli kabisa.

Muundo wa jiko hili haukufungiwa kwa hataza. Yeyote aliyekuwa na nyundo na pipa angeweza kulinakili, na walilinakili. Mwanzoni jambo hilo lilileta balaa: majiko mabovu yalijaa sokoni, udongo ukipasuka baada ya wiki chache, na watu wakasema jiko jipya ni utapeli. Lakini baadaye ushindani ukafanya kazi yake. Wabovu wakakosa wateja. Bei ikashuka mpaka mtu wa kawaida akaweza. Mafundi wakajua ni wapi pa kubana na pa kulegeza. Jiko likavuka mipaka: Uganda, Tanzania, Rwanda, na Ethiopia ambako ndugu yake anaitwa Lakech. Lingekuwa limefungiwa na kampuni moja, sidhani lingefika kwa mama wa kibanda chini ya ghorofa yangu.

Ila kuna bei ya kuacha kitu wazi, na waliolipa bei hiyo ni mafundi. Mwaka wa 1972 Shirika la Kazi Duniani lilitoa ripoti kuhusu Kenya iliyosaidia kueneza duniani kote jina la sekta isiyo rasmi. Hapa nyumbani tukawaita jua kali, kwa sababu walifanya kazi bila paa. Imewachukua miaka mingi ya kufukuzwa na askari wa jiji kabla serikali haijaanza kuwajengea vibanda miaka ya 1980, na sera ya kwanza ya kitaifa inayowahusu ikaja 1992. Mpaka leo ukimwambia Mkenya kitu ni "cha jua kali," anasikia "cha bei rahisi, kitaharibika." Mimi mwenyewe nilificha kimoja chini ya koti.

Angalia tunavyosimulia. Katika ripoti za maendeleo, jiko hili lina majina ya wizara, wafadhili na wataalamu, nao walifanya kazi, siwanyimi sifa. Lakini yule aliyegundua namna ya kukunja kile kiuno bila kuchomelea, jina lake liko wapi? Yule mfinyanzi aliyechanganya udongo mara ishirini mpaka ukaacha kupasuka? Wamebaki ndani ya chombo, kwenye mkunjo na kwenye mchanganyiko, na sisi tunachemshia chai juu yao.

*

Sitaki kukudanganya kwamba jiko ni kitu kitakatifu. Makaa ni miti. Februari 2018 serikali ilisimamisha ukataji wa miti kwenye misitu yake, na bado makaa yaliendelea kufika mjini, ila kwa bei iliyomwumiza anayenunua kwa mkebe. Moshi wa kupikia majumbani ulihusishwa na vifo takriban milioni 3.2 duniani mwaka wa 2020, kwa mujibu wa Shirika la Afya Duniani. Na kila msimu wa baridi tunasikia habari ile ile: watu wameingiza jiko chumbani kupata joto, wakafunga dirisha, wakalala, asubuhi hawakuamka. Hewa ya kaboni monoksidi haina rangi wala harufu. Udongo wa jiko haukuzuii. Kama husomi kitu kingine hapa, soma hiki: jiko halilali ndani na watu.

Kwa hivyo naamini litapita, na linafaa kupita, kama mafiga yanavyopita. Ninachoogopa ni kwamba litapita bila sisi kukumbuka lilivyokuja. Siku hizi kila wiki kuna jiko jipya la kisasa linalozinduliwa kwenye hoteli, na nikitazama picha naona meza, maua na wageni waheshimiwa. Simwoni fundi wala mtu anayesonga ugali. Hadithi ya jiko la udongo inasema kwamba bila hao wawili, ungekuwa na chombo kizuri cha kuweka kwenye maonyesho. Wazo linaweza kutoka India au Thailand, hakuna aibu. Lakini lazima lipitie mikononi mwa watu wanaolitumia kabla halijawa la kwetu.

Fundi alimaliza saa tisa. Akanionya nisiliwashe kwa siku kadhaa mpaka saruji ikauke vizuri, na moto wa kwanza uwe mdogo. Nikamlipa, nikalibeba bila gunia mpaka stendi. Kondakta akaniambia niliweke chini ya kiti. Nikampigia mama simu nikiwa njiani.

"Umelipeleka wapi?" akauliza, kwa hofu, akidhani nimeliuza.

"Kamukunji, mama. Kubadilisha udongo."

Akanyamaza kidogo. Kisha akacheka.

"Sasa hata wewe umepata jiko," akasema.